Tochi Nyekundu Mpakani

Kabla hajajua kwamba kuna galaksi, Sifaeli alijua ngumi. Alizijua mapema, kwa sababu baba yake, mzee Melkizedeki, hakuwa mtu wa maneno mengi. Kosa la kumwaga maziwa lilikuwa makofi mawili. Kosa la kuchelewa na majani ya ng'ombe lilikuwa fimbo ya mbuni, na kosa la kulia wakati unachapwa lilikuwa fimbo nyingine. Nyumba yao ilikuwa juu ya Tengeru, kwenye miteremko ya Mlima Meru, katikati ya migomba na mibuni, na ukipita pale jioni ya siku yoyote ungesikia mtu anapigwa. Majirani walisema mzee yule anajua kulea. Jumapili alikaa benchi la mbele kanisani na wanawe wawili, Sifaeli na mdogo wake Bariki, mmoja kulia na mmoja kushoto, wametulia kama maji ya mtungini.

Walichofundishwa ndicho walichofundishana. Bariki alipokuwa na miaka saba alimpasua kaka yake kichwa kwa jiwe kwa ajili ya ndizi mbivu moja, na Sifaeli akamvunja jino la mbele. Mama yao, Kaanaeli, aliwatenganisha kwa mwiko wa moto, akawapaka dawa wote wawili, akaenda nyuma ya jiko kulia peke yake. Wahenga walisema ndugu wakigombana chukua jembe ukalime. Majirani wa familia ile wangeufuata usemi huo, wangelima mpaka kileleni.

Alipofika miaka ishirini Sifaeli aliteremka mjini Arusha, akaajiriwa mlangoni kwa baa moja ya Daraja Mbili, kazi yake kuwatoa walevi. Aliifanya kazi hiyo kwa moyo, na ubaya ulikuwa hapohapo. Baunsa mzuri humtoa mtu nje akamwacha, lakini Sifaeli alimfuata mpaka barabarani. Siku moja mlevi aliyefuatwa aligeuka na chupa iliyovunjwa, akamchoma jicho la kushoto. Sifaeli, damu inamchuruzika mpaka kidevuni, alimshika yule mtu mkono akaukunja hadi ukavunjika, na walioshuhudia wanasema mlio wake ulisikika juu ya muziki. Mkono wa mlevi uliungwa hospitalini. Jicho halikurudi.

Eunike alikuwa anauza chipsi ng'ambo ya barabara, na yeye ndiye aliyemfuta damu. Ukipenda chongo utaita kengeza, lakini Eunike hakuita kengeza. Aliita chongo, akakubali kuolewa na chongo, akaweka sharti moja: siku atakayomnyanyulia mkono, asimtafute tena. Walipanga chumba Sombetini, na sharti halikuvunjwa hata siku moja, jambo linaloonyesha kwamba yule bwana alikuwa anaweza kujizuia pale alipotaka. Tatizo lilikuwa kutaka.

Jicho lililobaki, la kulia, ndilo lenye habari hii.

Baa ilipofungwa alipata kazi ya ulinzi kwenye loji moja ya watalii upande wa mashariki wa mlima, mbali na taa za mji. Huko alimkuta Mwalimu Rukaiya, mwanamke mnene wa miaka sitini na kitu, aliyestaafu kufundisha fizikia. Babu yake alitoka Tanga enzi za reli, ukoo ukabaki Arusha. Jioni mbili kwa wiki alikuja na ushungi wake na mabuti ya mvua, akiwaonyesha wageni anga kwa darubini ndefu kuliko yeye. Magoti yake yalikuwa mabovu.

"Wewe mwenye mabega," alimwambia Sifaeli siku ya kwanza, "njoo ubebe."

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba. Na usiitue kama gunia la viazi."

Wageni walipokwenda kulala, alimruhusu achungulie. Sifaeli akaona wingu dogo la kijivu lenye nyota nne katikati, chini ya mkanda wa Jabari, kundi la nyota lenye umbo la mwindaji. Mwalimu alimwambia hiyo ni nebula, wingu la gesi na vumbi, na kwamba nyota zinazaliwa humo hivi sasa wakati wao wamesimama kwenye umande. Akamgeuzia darubini kwenye Nebula ya Kaa, doa ambalo hata halikuonekana vizuri, akasema lile ni mabaki ya nyota iliyopasuka. Karibu miaka elfu moja iliyopita watu waliiona ikiwaka mchana kweupe.

"Na hivyo vipande?"

"Bado vinakimbia."

Sifaeli alifurahi kupita kiasi. Miaka yote alikuwa anaambiwa mbinguni kuna amani, na sasa mtu aliyesoma anamwambia huko juu kunapasuka. Akaona amepata ndugu.

Kitu kilichomshinda kilikuwa galaksi ya Andromeda. Mwalimu aliielekeza darubini upande wa mlima, akamwambia hilo ni kundi la nyota mabilioni kwa mabilioni, mwanga wake umesafiri miaka milioni mbili na nusu kufika hapa Meru. Sifaeli aliweka jicho, akakaza shingo, akashika pumzi.

"Sioni kitu, mwalimu."

"Kwa sababu unaikodolea. Unaitazama kama mtu unayetaka kupigana naye. Katikati ya jicho ni pa mchana, pa kusomea na kutungia sindano. Kitu hafifu kinaonekana kwa ukingo. Angalia pembeni yake kidogo, uiache ije yenyewe."

Akaangalia pembeni. Ikaja, nyeupe na ndefu, imelala mshazari gizani. Akarudisha jicho katikati, ikapotea. Pembeni tena, ikaja. Alicheza mchezo huo mpaka mwalimu akamwambia anataka kulala.

"Hiyo inatusogelea," alimwambia wakati wanafunga sanduku. "Huenda siku moja ikagongana na galaksi yetu."

"Nani atashinda?"

"Hakuna wa kushinda. Nyota zimeachana mno, zitapishana tu. Mwisho zitakuwa kitu kimoja."

Hilo halikumpendeza Sifaeli, lakini alilibeba. Kwa miaka mitano alibeba darubini na maneno ya Mwalimu Rukaiya. Alijifunza mashada ya nyota yanayoonekana kama chumvi iliyomwagika, akajifunza Kilimia, ambacho mama yake Kaanaeli alikuwa anakitazama kabla ya kupanda maharage bila kuhitaji kioo chochote. Alijifunza pia kwamba taa nyeupe ni adui. Ukiiwasha mara moja, jicho linasubiri nusu saa kulizoea giza upya. Kwa hiyo alifunga tochi yake kwa nailoni nyekundu, kwa sababu mwanga mwekundu haulisumbui jicho.

Ndipo mzee Melkizedeki akafa. Bariki, aliyebaki nyumbani kumwogesha na kumlisha miaka yote hiyo, alitegemea apewe shamba kubwa kuliko yule aliyekuwa anavunja watu mikono mjini. Wazee wa ukoo hawakuliona hivyo. Walikata shamba katikati na kupanda masale kutoka barabarani hadi mfereji. Isale ni mmea wa majani marefu usiokufa kirahisi, na kwa Wameru likishapandwa mpakani mbele ya ukoo halina wa kuligusa. Anayeling'oa usiku ni mwizi mbaya kuliko mwizi wa ng'ombe. Na mmea huohuo ndio mkosaji humpelekea aliyemkosea. Ukiletewa isale huna ruhusa ya kukataa kusamehe, hata kama umeuliwa ndugu.

Ndugu hawa walipigana siku ya matanga, suti zikiwa bado mwilini. Bariki alisema neno moja kuhusu watu wanaorudi nyumbani kunapokuwa na cha kugawa, Sifaeli akampiga kichwa cha pua, na meza ya wali ikaanguka. Tangu siku hiyo hawakusalimiana. Sifaeli alijenga vyumba viwili upande wake, akamhamisha Eunike kutoka Sombetini. Mama alibaki kwenye nyumba ya zamani, upande wa Bariki, akawa anavuka masale mara tatu kwa siku ili asionekane anapendelea.

Mwaka ule magoti ya Mwalimu Rukaiya yalikataa kabisa. Alimwita Sifaeli nyumbani kwake, akamkabidhi darubini. Meneja wa loji, Lesian, akampa sharti: baada ya wiki tatu kunakuja kundi la wageni wanaopenda anga, wanataka nebula na galaksi, hawataki kuonyeshwa mwezi. Ukiweza kuvipata mwenyewe, kazi ni yako. Ukishindwa, rudi getini.

Ikabidi afanye mazoezi kila usiku, na nyumbani, kwa sababu zamu zake za loji sasa zilikuwa za mchana. Kwenye shamba la migomba anga ni kipande hapa na kipande pale. Sehemu moja tu ilikuwa wazi kuelekea mlimani, palipokatwa mti mkubwa wa mgrevilea, na sehemu hiyo ilikuwa mpakani.

Usiku mmoja wa Oktoba, saa tatu hivi, Sifaeli alitega darubini pale akitafuta Andromeda. Miguu miwili ya stendi ilikaa sawa. Wa tatu ulikuta isale. Alisogeza huku, mgomba ukaziba. Alisogeza kule, akatumbukia shimoni. Alikasirika kama kawaida yake, akainama, akashika isale kwa shina, akaling'oa na udongo wake. Aliwaza moyoni kwamba asubuhi mapema atalirudisha na hakuna atakayejua. Tochi nyekundu alikuwa ameing'ata kwa meno ili mikono ifanye kazi.

Sasa mfikirie Bariki. Ametoka nje kukojoa, anaona mwanga mwekundu, mdogo, unatembea kimyakimya kwenye masale. Mtu mwenye shughuli ya halali huwasha taa nyeupe. Anachukua mpini wa jembe, ananyemelea, na anachokiona ni kaka yake ameinama mpakani na isale mkononi.

"Unafanya nini hapo, Sifaeli?"

Sifaeli aligeuka na tochi mdomoni. Hakuweza kujibu. Mpini ulitua kwenye jicho la kulia.

Hakuanguka mara moja. Alirusha mikono gizani, akampata Bariki shingoni, wakaanguka pamoja juu ya masale. Sifaeli alikuwa anakaba asichokiona. Bariki alimpiga magoti ya mbavu mara nne, tano, hadi mikono ikalegea. Ndipo Eunike akatoka na taa, akaona uso wa mumewe, akapiga yowe lililosikika bonde zima.

Watu walikuja na mapanga na marungu, kama wanavyokuja siku zote, wakiwa tayari kabla ya kuuliza. Bariki alikuwa anahema, akionyesha kwa mpini.

"Anang'oa mpaka. Nimemkuta nalo mkononi."

"Mwongo," Sifaeli alisema, amefunika jicho kwa viganja viwili. "Amenipiga bure. Sijagusa mpaka."

Na mguu wake, wenyewe, kama una akili yake, ulilisukuma lile isale chini ya majani makavu ya migomba. Watu walimulika, hawakuona kitu. Waliona kipofu anayevuja damu na mtu mzima aliyeshika mpini.

Walimshukia Bariki. Walimpiga kwa marungu, kwa mateke, kwa ubapa wa panga, na mtu mmoja akamrukia mguu uliokuwa umelala juu ya jiwe. Sifaeli hakuona, lakini alisikia. Aliusikia mfupa ukivunjika, akaufahamu mlio, kwa maana alishausikia Daraja Mbili. Neno moja tu lingetosha. Alilishika mdomoni kama alivyoishika tochi, mpaka mama yao akaja akajilaza juu ya Bariki, na watu wakaona aibu kumpiga mama mzee.

Daktari wa macho alisema kwamba jicho limepona kwa nje. Ndani, pale katikati, pamechanika, na hapatengenezeki.

"Utaona pembeni," alimwambia. "Katikati hapana."

Ndivyo ilivyokuwa. Akitazama sahani, sahani ilikuwa na shimo. Akimtazama Eunike, aliona kitambaa cha kichwa, mabega, mikono inayoosha vyombo, na pale penye uso palikuwa na ukungu. Kundi la wageni lilikuja likaondoka, na Lesian akampigia simu kumpa pole iliyokuwa na harufu ya kwaheri. Darubini ililazwa chini ya kitanda. Sifaeli hakuigusa. Aliamini anga limekwisha, na kila asubuhi alipoamka na lile shimo mbele yake alimfikiria mtu mmoja.

Bariki alikuwa mahabusu, kisha akatoka kwa dhamana akitembelea mkongojo. Kesi ya kujeruhi ilipangwa kusikilizwa Januari. Kila kitu kiliegemea swali moja: je, Sifaeli alikuwa anang'oa mpaka, au alipigwa bure? Akiapa kwamba hakugusa, mdogo wake anakwenda jela miaka mingi. Na Sifaeli alikuwa amekusudia kuapa, na kuapa kwa sauti.

Wazee wa ukoo walimtuma Bariki apeleke isale kwa kaka yake, yaishe. Jibu lake alilileta mama.

"Anasema hapeleki isale kwa mtu aliyeling'oa."

"Basi ataozea huko ndani."

Kaanaeli alisugua goti lake. "Mpakani pana pengo, Sifaeli."

"Labda kuku wamefukua."

"Kuku hang'oi isale, mwanangu," alisema mama, akasimama akaenda zake.

Hasira hasara, lakini usimwambie mtu mwenye hasira. Siku moja kabla ya kesi, alasiri, Sifaeli alichukua panga akavuka masale. Alijiambia anakwenda tu kumlazimisha Bariki aombe msamaha, na panga ni la njiani. Nani huvuka hatua thelathini na panga la njiani? Alimkuta mdogo wake amekaa kwenye kigoda, akikatakata magome ya migomba kwa ajili ya ng'ombe.

"Utaleta isale au huleti?"

"Sileti."

"Umenitoa jicho, Bariki. Lilikuwa moja."

"Na mimi nilikuwa na miguu miwili. Toka kwangu."

Sifaeli aliruka. Mkongojo ulimpata kwenye muundi, akaanguka na goti, akainuka na ngumi na kumpata Bariki sikioni. Kigoda kikapinduka. Kiwete na kipofu wakagaagaa kwenye magome ya migomba na mavi ya ng'ombe, wakiumana, wakitemeana damu, ng'ombe akivuta kamba kwa woga. Bariki alimchimba kidole kwenye jicho bovu la kushoto. Sifaeli aliukanyaga ule mguu uliovunjika, na Bariki akalia kwa sauti ya utotoni, ile ya kulia wakati unachapwa. Kisha Sifaeli akawa juu ya kifua chake, panga limeinuliwa.

Akatazama mahali pa kupiga. Hapakuwa na mtu. Aliona shati lililochanika, aliona majani pande zote, na pale penye kichwa palikuwa na ukungu. Mkono ulikuwa tayari, shabaha haipo. Ili apate kumwona ilimbidi aangalie pembeni, kwenye shina la mgomba, na alipoangalia shina la mgomba uso wa Bariki ukaja, wote, wazi, na damu puani. Hakuwa anaomba. Alikuwa na taya la baba yao, na mdomo ulikuwa wazi, ukionyesha pengo la jino ambalo Sifaeli alilivunja mwenyewe kwa ajili ya ndizi. Alirudisha jicho katikati ili apige. Uso ukapotea. Pembeni, ukaja tena.

Sifaeli aliliteremsha panga.

"Nililing'oa," alisema.

"Najua."

"Mguu wa darubini haukuwa na pa kukaa. Ningelirudisha asubuhi."

"Ungesema."

"Nilikuwa na tochi mdomoni."

Bariki alitema damu kando. "Na baadaye? Walipokuwa wananivunja mguu, bado ulikuwa na tochi mdomoni?"

Sifaeli alimtoka kifuani. Aliliacha panga pale, akavuka mpaka kwa mikono na magoti, akaanza kupekua majani makavu chini ya migomba. Alipekua mpaka giza likaingia. Isale halikuwepo. Alikuwa analia waziwazi, mtu mzima wa miaka arobaini na mbili, mama yake alipokuja nyuma yake na kopo la rangi. Ndani ya kopo kulikuwa na isale, limechipua jani jipya.

"Nililiokota kesho yake asubuhi," alisema Kaanaeli. "Nilijua utalitafuta. Sikujua utachelewa hivi."

Asubuhi, kabla ya safari ya mahakamani, Sifaeli alikwenda kwa mdogo wake akiwa amelishika isale kwa mikono miwili, mizizi na udongo wake. Mama alisimama mlangoni. Bariki alikuwa amekaa karibu na zizi, sikio limevimba.

"Bariki, nimekosa. Nimekosa mpakani, na nimekosa zaidi nilipokaa kimya."

"Niangalie unaposema."

"Nakuangalia."

"Unamwangalia ng'ombe."

"Nikikuangalia wewe sikuoni," Sifaeli alisema. "Nikimwangalia ng'ombe, nakuona."

Bariki alimgeukia ng'ombe, kisha kaka yake. Hilo hakuwa amelijua. Alidhani jicho limepona, kama walivyosema watu, kwamba maneno ya jana yalikuwa ya hasira tu, na kwamba kaka yake anampita barabarani bila kumtazama kwa sababu ya kiburi. Mwishowe alinyoosha mikono akalipokea isale. Alikwenda nalo mahakamani kwenye mfuko wa nailoni, akakaa nalo kizimbani, na Sifaeli alipomaliza kueleza yote, pamoja na lile alilolifanya kwa mguu wake, baadhi ya waliompiga Bariki waliinama wakakaza kamba za viatu ambavyo havikuwa na kamba. Hakimu alisema jicho ni jicho, hata hivyo, akampa Bariki kifungo cha nje cha mwaka mmoja. Sifaeli alionywa kwa maneno makali, na aliyastahili.

Habari ya loji niiseme hapa iishe. Lesian alimrudisha kwa majaribio mwezi wa tatu, na Mwalimu Rukaiya huletwa kwa gari, akakaa kwenye kiti kumkosoa.

Lakini siku ileile ya kesi, jioni, Bariki alichechemea mpaka kwenye pengo na jembe mkononi. Sifaeli alimsikia, akatoka. Walisimama kila mtu upande wake.

"Huo mguu wa darubini ulitaka kukaa wapi?"

"Hapo ulipo."

Bariki alirudi hatua moja ndani ya shamba lake mwenyewe, akachimba, akapanda isale huko, akashindilia udongo kwa mkongojo. Mstari wa masale ukawa na kona ndogo ambayo ipo mpaka leo.

"Siku nikiona taa nyekundu hapa na hujaniambia, nitakupiga tena," alisema.

"Sawa."

"Bado unaziona?"

Sifaeli hakujua. Tangu Oktoba hakuwa amejaribu. Aliingia ndani, akatoa darubini chini ya kitanda, akaifuta vumbi kwa shati. Giza lilikuwa limeshuka na mvua zilikuwa zimekatika, mlima ulionekana wote. Bariki alishika tochi nyekundu wakati kaka yake anakaza stendi. Nyota angavu za kuongozea zilimpa taabu, kwa sababu kila aliyoitazama iliingia kwenye shimo, na ilimbidi azinyemelee moja moja kwa ukingo wa jicho. Kisha akaweka jicho kwenye lenzi, akatazama kando kidogo, kama alivyofundishwa siku ya kwanza.

Ilikuwepo. Nyeupe, ndefu, imelala mshazari, haikupungukiwa kitu. Kwa uso wa mkewe alikuwa kipofu, na kwa sahani ya ugali, lakini kwa hii hakuwa kipofu hata kidogo.

"Njoo," alisema, akampisha.

Bariki aliegemea bega la kaka yake kwa sababu ya mguu, akainama. Alikaza shingo, akashika pumzi, akachungulia kwa muda.

"Sioni kitu."

"Kwa sababu unaikodolea," Sifaeli alisema. "Angalia pembeni yake kidogo, halafu usubiri."